Machozi ya Bibi Mfuaji

Mambo ya filamu msinichezee: nazijua zote, isipokuwa zile nilizolala katikati, yaani karibu zote. Lakini hii ya Cherehani naijua mwanzo hadi mwisho.

Cherehani aliitwa hivyo kwa sababu mdomo wake haukupumzika. Kila likizo, akishafagia na kuosha vyombo, alimfuata mama yake mdogo kazini. Mama mdogo alitengeneza filamu za maisha halisi, za watu ambao wengine huwapita bila salamu. Safari hii alimpata bibi mmoja anayefua mashuka ya hospitali. Kazi ya Cherehani ilikuwa kumbandikia bibi kipaza sauti kidogo kwenye kola, kisha kunyamaza. Hapo pa kunyamaza ndipo penye shughuli.

Bibi alikunja mashuka, akacheka, akakunja tena. Cherehani akachoka. Nani atakaa kutazama bibi anayecheka? Mama mdogo akatoka kufuata betri garini. Aliporudi, alimkuta bibi analia kwikwi: eti mwanawe amemtupa, hata maji ya kunywa hampi.

"Yale machozi yalianzaje?" mama mdogo aliuliza jioni.

"Sijui, mama. Uchungu tu ulimpanda."

"Mwanawe si yule aliyemleta asubuhi kwa baiskeli, akambebea na chakula?"

Cherehani akaangalia ukuta.

"Filamu hii majirani wataiona, na wakwe zake wataiona. Kijana wa watu atazomewa njiani, kwa kosa gani?"

Hapo uzi ukakatika. Cherehani akalia, safari hii machozi ya kweli, akasema yote: ni yeye aliyemwomba bibi alie.

Mama mdogo akamvuta karibu. "Mtu akikufungulia mlango wake, mwonyeshe alivyo. Ukimtungia maisha mengine, umemwibia yake, hata watu wakikupigia makofi. Kesho tunarudi, na radhi utaiomba wewe mwenyewe."

Kesho yake walirekodi upya. Bibi alionyesha anavyoyaacha mashuka ya wodi ya watoto mpaka mwisho, akiyapigapiga taratibu kama anayebembeleza mtoto alale. Cherehani alisahau hata kuchoka. Kamera ilipozimwa, alimsogelea bibi.

"Bibi, jana mimi..."

"Wewe jana ulifanya nini?" Bibi akamkonyeza, kisha akamgeukia mama mdogo. "Mwanangu, usije ukamgombeza mjukuu wangu. Yale ya jana nilijitungia mwenyewe. Huyu hata mdomo hakufungua."

"Huyu? Hakufungua mdomo?"

"Hata kidogo! Alikaa kimya kama sabuni."

Mama mdogo hakubishana. Alibonyeza kitufe cha kinasa sauti tu. Jana yake, alipokwenda garini, kile kipaza sauti cha kwenye kola hakikuzimwa. Sauti ya bibi ikajaa chumba cha kufulia:

"Haya, mjukuu wangu, nitalia. Lakini tukikamatwa niachie mimi. Nitasema nimejitungia mwenyewe."