Sauti Isiyo ya Bibi Povu

Ko, ko, ko. Mwiko uligonga ndoo ya plastiki uani, taratibu, kama mtu anayebisha hodi kwa aibu. Kulikuwa hakujapambazuka bado. Chiriku alijigeuza kitandani, akavuta shuka mpaka masikioni.

Sauti hizo hazikuwa ngeni kwake. Kila Jumamosi shangazi yake ndiye aliyetangulia kuamka. Alifagia ua, akaloweka sare za shule, akabandika maji ya chai. Kazi ya Chiriku ilikuwa kuosha vyombo vya jana, na aliifanya huku akiongea na sufuria, vijiko na hata paka wa jirani. Mdomo wake haukujua mapumziko. Ndiyo maana nyumbani na shuleni walimpa jina la ndege yule mdogo mwenye kelele.

Mwiko ukanyamaza. Yakasikika maji yakimiminwa. Kisha ukasikika mchemko mkali, kama mafuta ya moto yaliyoangukiwa na tone la maji, na hapo hapo yowe likapasua nyumba nzima.

"Uwiii! Nakufa! Wifi, nakufa mimi!"

Chiriku alitoka mbio pekupeku. Shangazi alikuwa ameshika mkono wake wa kushoto, anarukaruka. Ndoo ilikuwa ikifuka moshi mweupe, na kitako chake kilikuwa kimelegea na kujikunja kama mshumaa uliosahauliwa juani.

"Usisogee, mtoto!" Mama alipiga kelele. "Maji! Leteni maji safi!"

Pipa la maji lilikuwa karibu tupu. Kabla Chiriku hajajua aelekee wapi, jirani wa ng'ambo ya ua, mama ambaye walikuwa hawajasemeshana naye tangu wagombane juu ya kuku, alipitisha mpira wake wa bomba juu ya uzio. "Shikeni! Mwagieni, msiache!" Maji yakatiririka juu ya mkono wa shangazi mpaka meno yake yakaanza kugongana kwa baridi, na bado jirani akawa anasema, "Endeleeni, endeleeni tu, bili nitalipa mimi."

"Macho je?" Mama aliuliza. "Macho yako salama?"

"Salama. Nilikuwa nimegeuza uso nipige chafya." Shangazi alijaribu kucheka, akashindwa. "Chafya imeniokoa, wifi."

"Ulikuwa unapika nini alfajiri yote hii?"

"Sabuni."

"Sabuni! Nani kakufundisha kutengeneza sabuni?"

"Bibi Povu. Kwenye mashine ya maktaba. Amesema weka kostiki kwanza, ule unga mkali wa kutengenezea sabuni, halafu mwagia maji juu yake, kama unavyokoroga maziwa ya unga. Nimemfuata neno kwa neno, jamani. Neno kwa neno!"

Chiriku alirudi nyuma hatua moja. Alishika nguzo ya kibaraza. Maneno yale hayakuwa ya Bibi Povu. Yalikuwa yake mwenyewe.

Zamani maktaba ya mji wao ilikuwa chumba kimoja kirefu chenye ubao ulioandikwa KIMYA. Chiriku alishatolewa mle mara nyingi kuliko alivyoingia. Lakini ilipofunguliwa tena baada ya matengenezo, watu walipigwa na butwaa. Chumba cha kimya kilibaki, ndiyo, ila pembeni yake palikuwa na chumba cha kompyuta, chumba cha watoto kufanyia kazi za shule pamoja, na ua wa nyuma ambako watu wazima walijifunza kazi za mikono. Wazee waliokuja kusoma magazeti waliguna, "Hii ni maktaba au soko?" Mkutubi, mama mrefu mwenye miwani inayoning'inia shingoni, aliwajibu kwa upole, "Ni maktaba, mzee wangu. Karibu, kiti chako nimekuwekea palepale."

Jambo lililompendeza Chiriku kuliko yote lilikuwa Rafu ya Sauti. Hapo hapakuwa na vitabu. Palikuwa na visikilizio vya masikioni, na ukibonyeza kitufe ulimsikia fundi wa mji akieleza kazi yake. Asiyejua kusoma alisikiliza. Asiyeona alisikiliza. Na waliopewa kazi ya kuwarekodi mafundi walikuwa wanafunzi. Kila mmoja aliazimwa kinasa sauti, akapelekwa kwa fundi wake. Chiriku alipangiwa Bibi Povu, mama mzee aliyetengeneza sabuni za mji huo tangu wazazi wa leo wakiwa watoto.

Nyumba ya Bibi Povu ilikuwa juu, kwenye mwinuko mkali, na siku aliyopaswa kupanda huko rafiki zake Chiriku walikuwa wakicheza kamba. "Mbona naweza kuongea kama bibi yeyote," alijisemea. Alifungua ukurasa wa kutengeneza sabuni kwenye kompyuta ya maktaba, akasoma mwanzo wake, kisha zamu yake ikaisha na mwingine akaketi. Yaliyobaki aliyajaza kichwani. Nyumbani alijifunika blanketi, akabana pua, akaongea kwenye kinasa sauti kwa sauti ya kukwaruza na kukohoa kila baada ya maneno machache. Mkutubi aliisikiliza, akatabasamu. "Maskini, ana kikohozi," akasema. "Umefanya vizuri, mwanangu."

Sasa Chiriku alisimama kibarazani akimtazama shangazi yake akifungwa kanga kavu mabegani. Mama alikuwa anamharakisha waende zahanati.

"Na wenzangu!" Shangazi alishtuka tena. "Kikundi chetu cha wanawake kinakutana maktaba asubuhi hii. Tulitaka tutengeneze pipa zima. Mimi nilijaribu kwanza nyumbani nisije nikachekwa."

"Hao utawaona baadaye. Twende, mkono ndio huo."

Wakaondoka. Chiriku alifungua mdomo awaite. Kwa mara ya kwanza tangu azaliwe, mdomo ulikosa neno.

Pipa zima! Kama kindoo kile kimefanya vile, pipa litafanya nini? Aliwaona akilini wanawake wale mmoja mmoja, wameinamia pipa, nyuso zao karibu na maji. Wazo likamjia aende akatamke tu kwamba shangazi ameumia, asiseme zaidi. Jingine likamjia afute ile sauti kimyakimya. Lakini wakati anayafikiria hayo miguu ilikuwa imeshaanza kukimbia.

Maktaba ilikuwa ng'ambo ya mji; alifika jua limeshachomoza, kifua kinapanda na kushuka. Katika ua wa nyuma wanawake walikuwa wamejifunga aproni, wanataniana.

"Leo tunatoka hapa tunanukia kama maharusi!"

"Wewe nuka kwanza kama mtu, uharusi baadaye."

Katikati yao lilikuwepo pipa, na ndani yake unga mweupe ulikuwa umeshamwagwa. Mwanamke mnene mwenye kucheka sana alikuwa ameinua ndoo ya maji hadi kiunoni. Juu ya meza, spika ya maktaba ilikuwa ikikohoa. "Sasa, wajukuu zangu, koho koho, chukueni maji mmwagie juu yake..."

"Acheni!" Chiriku alipiga kelele mpaka sauti ikapasuka. "Msimwage! Weka chini! Weka ndoo chini!"

Mwanamke yule aligutuka, maji yakamwagika miguuni pake. "He! Mtoto wa nani huyu? Umetutoa roho!"

Mkutubi alizima spika. "Kuna nini, Chiriku?"

"Huyo si Bibi Povu." Machozi yalikuwa yameshamfika kidevuni. "Ni mimi. Sikwenda kwake. Nilibana pua nikaongea mwenyewe. Mambo ya maji nimeyatunga, na shangazi ameyafuata, ameungua mkono."

Wanawake walirudi nyuma, mbali na pipa. Mwanamke mnene aliitazama ndoo, akalitazama pipa, kisha akaketi chini palepale kwenye tope, mkono kifuani. Hakuna aliyemcheka.

"Mungu wangu," mkutubi alinong'ona. Miwani ilikuwa mkononi mwake, anaifuta ingawa haikuwa na vumbi. "Na mimi niliiweka bila kumwuliza mwenyewe."

"Ni wewe?"

Wote waligeuka. Shangazi alikuwa amesimama mlangoni, mkono umefungwa bendeji nyeupe, mama yuko nyuma yake. Alikuwa amepitia hapo kwa pikipiki kutoka zahanati ili awaonye wenzake. "Ni wewe, Chiriku? Hata kile kikohozi? Nimekaa wiki nzima namhurumia bibi wa watu na kikohozi chake!"

"Nisamehe, shangazi."

Shangazi alimpita. Alikwenda moja kwa moja kwa yule mwanamke aliyeketi kwenye tope, akamnyanyua kwa mkono wake mzima. Kisha akasema bila kumtazama Chiriku, "Mganga amesema kidonda kitapona. Nikipona mkono, nitakusamehe vizuri. Kwa leo umenisaidia kuwahi hapa kabla yangu. Hilo nimeliona."

Mkutubi alifunika pipa, akaufunga ua kwa ufunguo. Sauti ile aliifuta mbele ya wote. Kisha akachukua kinasa sauti, akamwambia Chiriku, "Twende kwa mwenyewe. Amechafuliwa jina lake, lazima asikie kutoka kwako."

Walipanda mwinuko, shangazi na mama wakiwafuata. Bibi Povu alikuwa ameketi mlangoni pake, mdogo, msafi, nywele zake nyeupe kama jina lake. Pembeni yake palikuwa na kiti kitupu kilichotandikwa kitambaa.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba, mjukuu wangu. Karibuni. Hicho kiti ni cha mtoto wa maktaba, waliniambia atakuja. Sijakiondoa."

Chiriku alipiga magoti, akaeleza yote, hakuficha hata ule mchezo wa kamba. Alitegemea kugombezwa. Badala yake Bibi Povu alimshika kichwa kwa mikono miwili.

"Kwa hiyo sikusema mimi?"

"Hukusema, Bibi."

"Sijawahi kwenda kwenye mashine?"

"Hujawahi."

Bibi akaanza kulia. "Watu wanapita hapa, wananiambia, Bibi, tumekusikia maktaba, ahsante kwa somo. Mimi sikumbuki! Nikasema basi, akili zangu zimeanza kuondoka. Nimeongea na watoto wa watu na sikumbuki hata neno. Usiku silali, najiuliza kesho nitasahau nini. Nimeogopa hata kuwasha jiko."

Hakuna aliyetegemea hilo. Mama aliziba mdomo kwa kiganja. Chiriku aliitazama bendeji ya shangazi. Mkono ule ulioungua alikuwa ameuona, lakini moto huu wa pili ulikuwa ukiwaka huku juu bila yeye kujua. Alilaza kichwa magotini pa bibi, akalia naye.

Bibi Povu ndiye aliyetangulia kunyamaza. Alijifuta kwa ncha ya kanga, akaangua kicheko. "Kumbe akili zangu ziko hapahapa! Haya, mmesema mlimwaga maji juu ya kostiki? Wehu nyie! Maji yanatangulia. Maji kwanza, chombo kipana, nje penye hewa, mikono na macho yamefunikwa. Halafu unga unauingiza kidogo kidogo, unakoroga pole, uso umeuweka mbali. Ukigeuza, unajilipua. Na watoto hawagusi kabisa. Mashine inasikia?"

"Inasikia, Bibi," alijibu Chiriku, kinasa sauti mkononi.

Wakarekodi mpaka jua likawa limewafikia miguuni. Mkutubi alipomaliza kuhakikisha kila kitu kimeingia, alimvuta Chiriku karibu.

"Sikiliza, mwanangu. Zamani mtu alisoma kitabu chetu, akakirudisha kwenye rafu, akaenda zake. Leo mtu anaingia maktaba asubuhi, na mchana anafanya kwa mikono yake kile alichokipata kwetu. Anatuamini hata kama hatujui jina lake. Kwa hiyo anayeweka kitu pale, awe mkutubi au mtoto, aweke cha kweli. Asichokijua akaulize. Mimi nilipaswa kupanda huku kumsikilizisha Bibi kabla ya kuiweka, na kuanzia leo hakuna sauti itakayowekwa kabla mwenyewe hajaisikia. Na wewe ulipaswa kufika kwenye mlango huu. Umeelewa?"

"Nimeelewa. Jumatatu nitawaambia darasa zima."

Shangazi alimsukuma kidogo begani kwa mkono wake mzima. "Uwaambie na habari za kikohozi."

Walipokuwa wanaaga, Bibi Povu alikishika kiti kile kitupu, akakivuta karibu zaidi na cha kwake.

"Mjukuu wangu," alisema, "maneno ya sabuni yamekwisha leo. Lakini mimi naishi peke yangu, na wewe naona una mdomo wa kutosha watu wawili. Utakuja tena? Njoo tena, hata bila mashine."