Fundo la Kumalizia

Mafundi cherehani wote ni waongo, na uongo wao una neno moja tu: bado. Ulizia gauni, bado. Ulizia suruali ya harusi na bwana harusi amesimama mlangoni na kaptula, bado kidogo. Huyu ninayemsimulia alilisema kwa utamu kiasi kwamba wateja walimbandika jina, Mama Bado, na yeye akacheka akalipokea. Alishonea sebuleni kwake, cherehani karibu na dirisha. Mume alikuwa ameshatangulia mbele ya haki. Duniani alibaki na mtu mmoja, bintiye, ambaye kwa sababu ya meno yake ya mbele yaliyong'oka walimwita Kapengo.

Siku hiyo alikuwa anapunguza koti la mtumba. Alipofika kwenye bitana, mguu wake ukaacha kukanyaga. Pembeni palikuwa pameshonwa kwa mkono, uzi mara mbili, mshono mzuri ajabu. Lakini ukifunga bitana kwa mkono, fundo la kuanzia unaweza kulificha ndani. Fundo la kumalizia hubaki nje, kwa sababu na wewe mshonaji uko nje. Hapa mafundo yote mawili yalikuwa ndani.

"Nani huyu aliyeshona akiwa humo?" alijiuliza, akacheka peke yake, akafumua. Laiti asingefumua!

Kikamdondokea mapajani kimashine cha nyimbo, vile vya zamani vya kuweka mfukoni, chenye kioo kidogo na duara la kuzungusha kwa kidole. Ukilizungusha linalia tik, tik, tik. Kilinuka sufu iliyolowa. Kapengo alikibonyeza kikawaka, na hakuna aliyejiuliza chaji ilitoka wapi, maana mtoto alichomeka waya masikioni akacheka. Tangu wamzike baba yake alikuwa hajacheka.

Kilikuwa na nyimbo, na chini ya nyimbo kulikuwa na michezo. Mmoja ulikuwa wa nyumba yenye vyumba vingi na kijitu cheusi kinachojificha, wewe unazungusha duara unakitafuta. Basi! Kapengo akaacha kula, akaacha kutoka nje, ngozi ya kidole gumba ikachubuka na bado anazungusha. Mama Bado akawaza: kukitupa kimashine ni kutupa na kicheko. Afadhali michezo iondoke, nyimbo zibaki. Akakipeleka kwa fundi simu wa pale kona, kijana wanayemwita Miwani.

"Nifutie michezo, mwanangu. Nyimbo niachie."

Miwani akakigeuza geuza. "Mama, hiki cha kizamani. Michezo kimetoka nayo kiwandani, haifutiki. Ninachoweza ni kuificha. Naingia kwenye mipangilio, naondoa tiki, mchezo unatoka kwenye menyu. Upo, ila hauonekani."

"Basi mfiche huyo. Mtoto asichokiona hakimsumbui."

"Nimfiche?"

"Mfiche, baba, kwani nasema kwa mafumbo?"

Akaondoa tiki. Kimashine kikalia tik mara moja zaidi, na kidole cha Miwani kilikuwa kimeshaondoka. Alikirudisha upesi akajipangusa mkono kwenye shati.

Nyumbani, Kapengo alizungusha duara, akainua uso. "Mama, umemficha?"

"Nani?"

"Yule wa kwenye nyumba."

"Nimeifuta michezo, Kapengo. Imekwisha, sikiliza nyimbo zako."

"Hujafuta. Ungefuta angekuwa hayupo. Umeficha." Mtoto alisema taratibu, kama anamwelewesha mdogo wake. "Na ukificha, lazima utafute. Usipompata, zamu inageuka." Kisha akaitazama sebule, pembe kwa pembe. "Yuko humu. Amepata mahali pazuri."

Mama Bado alimkaripia. Lakini jioni ile, akipanga vitambaa, alisikia tik, tik chini ya rundo. Akapangua rundo lote, hakuna kitu, na sauti ikawa kwenye droo ya vifungo. Akamwaga vifungo, ikawa ndani ya mto wa kiti. Kimashine chenyewe kilikuwa mezani, kimezimwa. Harufu ya sufu iliyolowa ilijaa nyumba nzima, na mvua ilikuwa haijanyesha kwa miezi.

Kesho yake asubuhi akaja Mwalimu, mteja wake wa zamani, mama mnene mwenye maneno mengi.

"Fundi, gauni langu tayari?"

"Bado kidogo, Mwalimu. Bitana tu."

"Nilijua! Hata kaburini utamwambia malaika bado." Mwalimu akacheka, akavuta kiti akajishusha.

"Mwalimu, mtoto! Utamkalia mtoto!"

Mwalimu aliruka. Akageuka, akakitazama kiti, akamtazama fundi. "Mtoto yupi?"

Kapengo alikuwa amekaa palepale, miguu inaning'inia, macho yamejaa machozi.

"Pole, mwaya," Mwalimu alisema kwa sauti ya chini. "Kazi zimekuzidi. Nitapita siku nyingine."

Alipotoka, mtoto akanong'ona, "Mama, yule wa kwenye nyumba ameniondoa tiki."

Mama Bado alimshika mkono wakakimbia hadi kwa Miwani, ambaye alimsalimia mama peke yake. Alipoambiwa airudishe tiki, arudishe kila alichogusa, Miwani alizungusha duara mpaka jasho likamtoka. "Mama, sipaoni. Kwenye mipangilio hamna neno michezo kabisa. Sijui siku ile nilibonyeza wapi."

Mama Bado akamleta bibi anayetoa majini, ambaye mtaa mzima ulimwogopa. Bibi aliishia kizingitini, akanusa.

"Ulimwambia toka?"

"Nilisema afichwe, bibi."

"Kwa kinywa chako? Ndani ya mali yako?"

"Kwa kinywa changu."

"Lahaula! Mwanangu, jini msumbufu namwita, anapanda, tunagombana, anatoka. Huyu amejificha kwa idhini ya mwenye nyumba. Nimwite nani? Nimtoe wapi?"

"Na mtoto wangu?"

Bibi aliangaza kulia na kushoto akimtafuta, ilhali Kapengo alikuwa ameshika pindo la kanga ya mama yake. "Mshike," alisema, akirudi nyuma. "Sina lingine. Mshike usimwachie."

Akamshika. Alichukua uzi imara wa kushonea jinzi, akafunga ncha moja kwenye kifundo cha mkono wa mtoto na nyingine kwenye chake, wakala hivyo, wakaoga hivyo, na kila tik ilipolia ndani ya ukuta, ndani ya godoro, ndani ya pindo la gauni alilolivaa mwenyewe, alivuta uzi na mtoto akavuta naye, nipo mama, nipo, ingawa sura yake ilianza kumpotea machoni, mara anamwona, mara anaona kiti tu na uzi unaoning'inia hewani, mpaka mchana mmoja alipovuta na uzi haukuvutwa, akaufuata kwa vidole, juu ya meza, kupita cherehani, hadi kwenye lile koti la mtumba lililotundikwa msumarini, ambako uzi uliingia kwenye bitana na bitana ilikuwa imefungwa.

Mishono ilikuwa mikubwa kwa midogo, imekwenda upande. Aliijua. Ni yeye aliyemfundisha Kapengo kushona kwenye vipande vya mabaki. Mafundo yote mawili yalikuwa ndani.

Alifumua. Hakukuta kitu ila harufu, na mkasi ukiwa bado unafumua huku, kule nyuma sindano asiyoiona ilikuwa inafunga. Alifumua mpaka vidole vikatoka damu. Mwisho akafanya wanachofanya watoto wakicheza kujificha, akaita kwa sauti iliyopasuka, "Kapengo! Tayari?"

Kutoka ndani, karibu kabisa, akajibiwa, "Bado."

Majirani walimtafuta mtoto kila mahali, wakachoka, wakabaki kumwonea mama yake huruma. Yeye alikaa kwenye cherehani akiuliza, na alijibiwa bado, na jibu hilo lilimtosha kuamka kesho. Mpaka siku moja akiwa anatunga uzi akasikia tik, kisha sauti kavu, si ya mtoto wala ya mtu, ikauliza yenyewe:

"Tayari?"

"Sema bado, mama!" Kapengo alinong'ona kwa haraka. "Anakuuliza wewe. Zamu yako ya kujificha. Ukisema tayari anakuja. Kila akiuliza, sema bado."

"Bado," alisema Mama Bado.

Tangu hapo aliulizwa kutwa, na kutwa alijibu. Wateja waliosikia walidhani wanajibiwa wao, wakasonya, wakaenda zao. Fundi ni fundi tu.

Mwalimu ndiye aliyerudi. "Leo usinipe neno lako lile. Nina sherehe. Gauni langu tayari?"

Gauni lilikuwa limeisha, limepigwa pasi. Mama Bado alikata uzi wa mwisho. Ndani ya koti Kapengo alikuwa analia, kile kilio cha chinichini cha mtoto asiyetegemea tena kubembelezwa.

"Tayari," alisema.

Miwani anasema ulimi uliteleza, maskini, mazoea ya kazi. Mimi nasema mama gani ulimi wake unateleza hivyo? Mwalimu alikuwa amegeukia kioo, anajipima gauni mwilini. Alipogeuka, gurudumu la cherehani lilikuwa bado linazunguka na kiti hakina mtu. Aliita, akangoja, akasema huyu naye, akalivaa gauni lake akaondoka.

Njiani alihisi kitu kizito kinagonga paja. Akapapasa bitana. Ilikuwa imeshonwa kwa mkono, mshono mzuri ajabu, akatafuta fundo asilione. Akasimama, akainama kusikiliza. Mtoto alikuwa analia kwa kwikwi, na sauti anayoijua ikimwambia, "Nimekupata, mwanangu. Nimekupata, nyamaza."

Kisha tik. Na sauti kavu ikamuuliza Mwalimu kama yuko tayari.

"Tayari kwa nini?" alisema Mwalimu.