Asmini ya Kaburini

Kila asubuhi Mwanamkasi alimpikia mumewe uji, kisha akabeba ndoo ya maji mpaka makaburini. Huko alilala binti yake, Asmahani. Homa ilimchukua masika ya mwaka 1955. Msichana huyo alipenda asmini ya mwituni kuliko marashi yote ya dukani.

Mama aliapa kuipanda kaburini. Akakwea mpaka msituni, juu ya kijiji cha Maramba, akaing'oa, akaileta. Ikafa. Akang'oa nyingine. Nayo ikafa. Ya tatu haikumaliza wiki, na maji ilipewa kila siku! Jamani, uchungu wa mwana aujuaye mzazi. Lakini uchungu nao hupofusha.

Ikabaki moja tu msituni, kando ya kijito. Mwanamkasi alikwishainua jembe aliposikia sauti nyuma yake.

"Shikamoo, mama."

Alikuwa Eliudi, jirani yake, mfanyakazi wa kitalu cha miti kule Amani.

"Marahaba. Usinizuie, mwanangu."

"Sikuzuii. Lakini hii ikifa, utang'oa ipi?"

Mwanamkasi akaketi chini, akalia. "Hata ua limenikataa! Nimemkosea nini Mungu?"

"Hujamkosea, mama. Asmini hii huweka mizizi kivulini, kwenye majani yaliyooza, ndipo ipande mtini kutafuta jua. Wewe umeikata mizizi, ukaipeleka kwenye mchanga wa juani."

Eliudi akalaza tawi la chini, akalifukia katikati, ncha ikabaki nje. Juu yake akaweka jiwe.

"Liache kwa mama yake mpaka litoe mizizi. Ndipo ulikate."

"Mpaka lini?"

"Masika yajayo."

"Mwaka mzima! Na mwanangu yuko juani?"

"Basi mpandie mti kwanza."

Mwanamkasi akapanda mjohoro kaburini. Akabeba majani yaliyooza, kapu kwa kapu. Masika yalipofika, tawi lilikuwa na mizizi. Akalihamishia chini ya mti ule.

Mwaka wa tatu asmini ikachanua. Ile ya kijitoni nayo ilikuwa hai, nyeupe tele. Mwanamkasi alinusa, akalia kama siku ya mazishi.

Wiki ile ile Bibiana wa kambi ya mkonge alimzika mwanawe mchanga. Akaja, macho yamevimba.

"Dada, nionyeshe asmini ilipo. Nikang'oe moja."

"Haing'olewi, mdogo wangu. Hulazwa, ikangojwa."

"Nitangoja vipi mimi?"

Mwanamkasi akamshika mkono.

"Tutangoja sote. Twende."