Usiulize Bei, Omba Sindano

"Hodi! Samahani dada, hapa ndipo kwenye maharage?"

Nilikuwa na pini mdomoni na gauni la bibi harusi magotini, kwa hiyo nikainua macho tu. Mlangoni walisimama mume na mke, raba safi miguuni, wanahema kwa zile ngazi zetu. Mke alikuwa na kitabu mkononi, kidole kimo katikati ya kurasa.

Nikatema pini. "Maharage gani? Hapa kwa fundi nguo. Mgahawa uko chini, pembeni ya kinyozi."

"Wa chini tumeshapita," akasema mume. "Ule wanaunguza mayai makusudi, una ukurasa wake. Sisi tunatafuta huu wa juu."

"Wa juu upi?"

Mke akafungua kitabu akasoma kwa sauti: "Panda ngazi mpaka usikie cherehani. Ukiingia usiulize bei, omba sindano."

Kisha akanyoosha mkono kwa adabu zote. "Tunaomba sindano."

Katika dunia nzima, mtu aliyekuwa akisimama pale mlangoni kuniomba sindano alikuwa mmoja tu, na mwaka wa pili ulikuwa unapita bila kusikia hata kikohozi chake.

Sasa ngoja niwaeleze. Yule bwana alikuwa akifanya kazi kiwanda cha uchapaji, mtaa wa nyuma yetu, na mimi nilimwita Bwana Kurasa kwa sababu hata mfukoni alikuwa na karatasi. Yeye aliniita Fundi. Starehe yetu haikuwa sinema wala muziki. Alikuwa akinunua vitabu chakavu vinavyousifia mji huu, vile vya zamani, halafu tunavifuata kwa miguu. Kitabu kinasema hapa pana mkahawa wa samaki, tukifika tunakuta duka la matairi. Mimi nageuka nirudi, yeye ananishika mkono.

"Fundi, sisi tunakula kwenye anwani, hatuli kwenye mgahawa."

Basi tunawaomba mafundi matairi tukae nao, tunagawana mkate na chai yao, naye anawahoji mpaka wanacheka. Ndivyo nilivyomjua kinyozi asiyekunyoa mpaka unywe chai yake, na yule mama muuza chipsi ambaye ukimsemesha wakati mafuta yanachemka anakuuzia viazi vibichi. Mji niliozaliwa, nikafundishwa na mwanamume aliyekuja na begi la vitabu!

Jioni tunarudi kwangu. Mimi pindo nashona kwa mkono, na jua likishuka macho yananitoka machozi, tundu la sindano silioni. Kwa hiyo nilimwekea sheria: hakuna kula maharage yangu mpaka anitungie sindano zote azipange kwenye kimto. Alikuwa akitunga vizuri, ila uzi wake mrefu kupita kiasi.

"Huu ni uzi au kamba ya kuanikia nguo?" namuuliza kila siku.

"Uzi mfupi unakwisha upesi," ananijibu. "Ukikwisha upesi utafunga kazi, na ukifunga kazi utanifukuza."

Akapata mkataba wa kazi mbali, ng'ambo kabisa. Akaapa akitulia atanifuata. Mwanzo simu asubuhi na jioni. Halafu siku moja kimya. Namba yake ikawa haipatikani mpaka nikachoka kuipiga, na nilichoka nikiwa nalia, sifichi.

Wale wageni niliwalisha. Ningefanyaje? Sufuria ilikuwa jikoni inanukia, na mgeni njoo mwenyeji apone. Walipokuwa wakitunga sindano zao huku wakicheka, mimi niliwapokonya kitabu. Jina lake lilikuwa pale juu ya jalada. Ndani, mafundi matairi wote, mama chipsi, kinyozi na chai yake. Na sura ya mwisho kabisa, chumba changu: stuli yenye mguu mmoja mfupi, redio inayokamata stesheni moja, na mwanamke ambaye "hafunui sufuria kabla ya wakati wake, hata umpigie magoti."

Nilisoma nikakasirika. Nilisoma tena nikamtamani. Hasira na hamu vikikaa tumbo moja, mtu hali.

Wiki ile sikupumua. Walikuja wanafunzi, akaja mzee na mkongojo aliyepumzika kila ngazi, akaja mwingine akalalamika chumvi kidogo! Kazi za watu zikalala. Ndipo shangazi yangu, dada wa marehemu baba, aliyenilea na ambaye huja kwangu kila Jumamosi, akaingia akakuta watu wasiojulikana wamekaa sakafuni na sahani.

"Mwanangu, umefungua hoteli?"

"Nimefunguliwa, shangazi. Tazama."

Akakitazama kitabu, akaona jina. Uso ukambadilika.

"Chana hicho," akasema. "Karatasi za wasio na kazi. Mimi nimekuja kwa la maana: muuza mapazia anataka jibu kesho. Mwanamume ana duka, ana heshima, na kila siku yupo. Umesikia? Yupo."

"Nimesikia."

"Basi?"

Nilichukua simu nikapiga namba iliyoandikwa nyuma ya jalada. Ikapokewa na mwanamke mwenye sauti ya haraka.

"Ofisi ya uchapishaji."

"Nataka sura ya mwisho ya kitabu cha mji itolewe. Watu wanajaa nyumbani kwangu."

"Nyumbani kwako wapi?"

"Kwenye sindano."

"Dada, mwandishi alituhakikishia kile chumba ni kitupu. Fundi alishahama."

"Mimi ndiye huyo aliyehama."

"Mungu wangu. Sikiliza, toleo la kwanza limekwisha, la pili linaingia mtamboni Jumatatu. Sura siitoi bila yeye kuridhia. Nampa namba yako sasa hivi."

Nikarudi kwenye gauni la watu. Shangazi alikaa anamenya viazi, maganda manene, yeye ambaye hunigombeza nikimenya hivyo. Mara simu ikatetemeka mezani. Namba ngeni.

*Samahani kwa usumbufu. Nimeambiwa kuna mtu anaishi kile chumba. Naomba tu nijue, ni nani aliyepanga baada ya Fundi?*

Nikaandika: *Baada ya Fundi amepanga Fundi.*

Simu ikaita kabla sijaiweka chini. Nikaipokea, nikaweka sauti kubwa kwa sababu mkono mmoja ulikuwa na mkasi.

"Fundi?"

Jamani, ile sauti.

"Umeniweka kitabuni," nikasema, "kama chapati ya barabarani. Hukuniuliza."

"Ningekuuliza vipi? Ulihama."

"Nilihama kwenda wapi?"

"Kwa mumeo."

"Mume gani, wewe? Nani kakwambia?"

Nikasikia kisu cha viazi kimeanguka sakafuni.

"Shangazi yako," akasema taratibu. "Nilipiga akapokea yeye. Akaniambia umeolewa, mmehama, na mumeo hapendi simu zangu. Akaniomba kama mama, nikutakie heri nikae mbali. Nikaitupa ile laini, Fundi, na namba yako ikiwa humo. Ningebaki nayo ningekupigia."

Nikageuka. Shangazi alikuwa anatazama maganda.

"Shangazi. Lini?"

"Ulipolazwa," akasema. "Malaria ile. Ulikuwa unaweweseka unaita jina lake, na mwenye jina yuko ng'ambo. Nani alikubeba ngazi zile? Nani aliamka kukupanguza? Mume wa kwenye simu hakufikishi hospitali, mwanangu."

"Kwa hiyo ukaniozesha hewa."

"Nilitaka ulie mara moja yaishe! Baba yako aliniachia wewe, hakuniachia kingine." Akaanza kulia. "Mbona hayakuisha?"

Nilitaka kumfokea. Mtu aliyekulea hujui umshike wapi ukimkasirikia. Na kule kwenye simu mtu alikuwa bado anapumua.

"Uliamini upesi," nikamwambia. "Hukuja hata kuchungulia dirisha."

"Niliogopa kuona mapazia mapya."

"Na kama chumba ni kitupu, kwa nini uliandika 'ukiingia', 'omba'? Ungeandika palikuwa."

"Nilijaribu. Kila nikiandika palikuwa, nafuta. Nilidhani atakayekuja atakuta mlango umefungwa, atakasirika, atakwenda zake. Haitamdhuru mtu."

"Imenidhuru mimi."

"Basi sema, Fundi. Nimwambie mchapishaji aitoe? Ukisema itoke, Jumatatu inatoka, na mimi sitakusumbua tena."

Hapo ndipo ningesema ninachotaka. Nilikuwa namtaka yeye, hapa, na njaa yake na karatasi zake. Lakini miaka miwili ya kulia ilinitangulia kusema.

"Itoe," nikasema, nikakata simu.

Usingizi haukuja. Asubuhi ya Jumapili nilimtuma binti wa jirani akanunue maharage, eti kwa ajili ya wageni. Bibi harusi alikuwa anakuja kuchukua gauni jioni, pindo bado nusu, na chumba kimejaa watu na vitabu vyao. Shangazi alikuja pia, akakaa karibu na mlango, hanitazami, anagawa sahani bila kuambiwa. Nadhani ndiyo ilikuwa toba yake.

"Muuza mapazia amepiga," akaninong'oneza. "Sijampokea."

"Vizuri."

Nikageukia dirisha ili nipate mwanga, mgongo kwa watu. Nikisikia hatua mlangoni, nasema bila kutazama, nilishazoea: "Kimto kiko mezani, uzi mweupe. Tunga uweke hapo, utapewa sahani."

Wakaingia wengine, wakatoka wengine. Nilikuwa nachukua sindano, nashona, uzi unakwisha, nachukua nyingine. Nilikuwa nawaza Jumatatu. Nilikuwa nawaza kwamba kesho chumba hiki kitarudi kuwa changu peke yangu, na hilo ndilo nililoliomba kwa mdomo wangu.

Nikachukua sindano nyingine, nikaichoma kwenye pindo, nikavuta uzi. Ukaja. Nikanyoosha mkono mpaka mwisho, bado unakuja. Nikasimama juu ya stuli yenye mguu mfupi, bado uzi uko kwenye kitambaa.

Nikashuka kwenye stuli, uzi bado mkononi.

"Huu ni uzi," nikasema bila kugeuka, "au kamba ya kuanikia nguo?"

"Mfupi unakwisha upesi," sauti ikajibu nyuma yangu.

Nikageuka. Amekonda, ndevu za safari, begi bado begani. Nilimtupia kimto chote cha sindano, kikampiga kifuani, na kabla hakijafika chini mimi nilikuwa nimeshamkumbatia na machozi yangu yote kwenye shati lake. Mzee wa mkongojo, kumbe alirudi, akapiga makofi.

"Nilipanda ndege ulipokata simu," akasema kwenye nywele zangu. "Kama unanifukuza, nikasema, anifukuze uso kwa uso."

"Ulikuwa wapi siku zote hizo?"

"Naandika. Mji mzima niliukumbuka kwa tumbo, lakini kila nikifika hapa kwako nilikuwa nashindwa kumaliza sentensi."

Akamwona shangazi. Shangazi akainuka, mikono inacheza na kanga.

"Baba," akasema, "nilikudanganya."

"Ulimbeba ngazi hizi akiwa mgonjwa," akajibu. "Mimi sikuwepo. Nilistahili kidogo, ila si miaka miwili, mama."

"Kidogo tu?" nikasema. "Kaa chini ule, nitawahukumu wote baadaye."

Alikula sakafuni, mgongo kwenye ukuta, mahali pake pale pale. Alipomaliza akatoa simu.

"Sijamwambia kitu mchapishaji, anangoja neno moja tu. Itoke au ibaki?"

Nikawatazama wale watu na sahani zao, na shangazi aliyekuwa anasubiri jibu kuliko yeye.

"Ibaki. Lakini kuna mahali umekosea, urekebishe."

"Wapi?"

"Hukuandika siku ya kufunga. Andika Jumapili hapafunguliwi."

Akaanza kuandika, akasita. "Jumapili kuna nini?"

"Vile vitabu vyako chakavu viko chini ya kitanda changu, sikuchoma hata kimoja. Jumapili fundi hayupo. Amekwenda kula kwenye anwani, na mume wake."

Sahani ikamponyoka shangazi mkononi. "Mume? Na muuza mapazia nimwambie nini?"

"Mwambie nitamshonea mapazia yote anayotaka, shangazi. Ila dirisha langu lina mwenyewe."