Kitabu cha Anastasie Kilichosafiri Bila Jina

Anastasie wa kijiji cha Kingi alikuwa mkulima wa maharagwe, na pia alikuwa mwandishi. Aliandika mvua iliponyesha, maana mvua ya Masisi haina haraka.

Alikusanya nyimbo za kubembeleza watoto, zile alizoimba marehemu mama yake, Mukasine. Mavuno yalipokuwa mazuri, alipeleka daftari Goma kuchapishwa. Kikatoka kitabu chenye jalada la kung'aa: *Nyimbo za Mama Mukasine*. Jina la Anastasie lilikuwa chini yake. Alilala nacho kitandani siku tatu. Mumewe, Constantin, alisema hata yeye hajawahi kukumbatiwa hivyo.

Jumapili moja Anastasie alipeleka vitabu kwenye mkutano wa akina mama wa parokia. Joséphine-Marie, mwimbaji wa kwaya, alifungua kimoja. Kisha akatoa simu.

"Mama Anastasie, hizi nyimbo ziko mu telefone yangu. Ziko za Maître Sylvain. Juu ya nini unaiba za mwenzako?"

Kweli, picha za kurasa zote za kitabu zilikuwa kwenye ukurasa wa mtandaoni. Mtu asiyemjua alikuwa ameandika juu ya picha hizo: "Nimetunga mimi, Maître Sylvain."

Anastasie alirudi na vitabu vyake vyote. Aibu ilimchoma. Kilichomuuma zaidi ni kwamba jina la mama yake halikuwepo popote.

"Siandiki tena," alimwambia mumewe. "Batu banasema mi njo mwizi."

Constantin aliangalia zile picha. Pembeni ya kila moja palionekana kidole gumba kisicho na ukucha.

"Mama," alimwambia mkewe polepole, "hii kidole iko yangu."

Akaeleza yote. Dada yake Noëlla alikuwa Kampala, ana mtoto mchanga. Njia zilikuwa mbaya, kitabu kisingefika. Basi Constantin alipiga picha kila ukurasa, akamtumia. Noëlla akaziweka kwenye grupu la familia, na kutoka hapo zikaenda zilikokwenda.

"Nilitaka aone bibi yangu anajua kuandika," alisema Constantin, maana kwao bibi ni mke.

"Na kuverture, ile jalada yenye jina ya mama yangu?" aliuliza Anastasie.

"Ilikuwa inang'aa sana. Picha ilitoka nyeupe. Nikaiacha."

Anastasie alikuwa na hasira, na alimpenda, vyote kwa pamoja.

"Kesho utanisindikiza kwa Estelle," alisema mwishowe.

Estelle, jirani yao, alikuwa na duka la kupiga fotokopi. Aliwasikiliza mpaka mwisho.

"Papa Constantin, ukinunua kitabu unaweza soma, unaweza azimisha mwenzako. Lakini kupiga picha kitabu yote na kutuma, ile ruhusa iko ya mwandishi."

"Hata kama mwandishi iko bibi yangu?"

"Hata bibi yako. Ulimuuliza?"

"Sikumuuliza," alisema Constantin.

"Sasa tutafanya je?" aliuliza Anastasie.

"Kwanza usimutukane ule Sylvain. Tutapiga picha ya paje yake ya mutandao, mbele ya yeye kuifuta, ikuwe ushahidi. Utaleta daftari yako ya kwanza na risiti ya imprimerie, kule kitabu ilichapishwa. Tutamuandikia kwa heshima. Akikatala, tutashitaki kwa benye mutandao. Bako na formulaire ya mambo kama hii."

"Na picha zenye ziko mu telefone ya batu?"

"Zote hatutazifuta, dada, sitakudanganya. Lakini tunaweza tuma jina yako mu grupu zote zenye picha zilipita."

Sylvain hakujibu barua. Wakajaza fomu. Baada ya siku tisa ukurasa wake uliondolewa. Constantin alipiga tena picha ya jalada, safari hii kivulini, akaituma kwenye magrupu. Aliandika: "Mimi njo nilikosea. Kitabu iko ya Anastasie, bibi yangu. Muulize yeye."

Joséphine-Marie alikuja mwenyewe kuomba msamaha. Aliondoka na vitabu viwili. Na vitabu vilipochapishwa tena, jina la Anastasie na namba yake ya simu viliwekwa chini ya kila ukurasa. Mtandaoni anaweka wimbo mmoja tu, wa kuonjesha.

Siku moja Noëlla alipiga simu. Ukurasa wa sita ulikuwa umetoka vibaya, hausomeki. Majirani zake walitaka kujifunza wimbo huo. Je, kaka yake angempigia picha nyingine?

"Hapana, dada," alisema Constantin. "Mwenyewe iko hapa."

Akampa Anastasie simu. Anastasie alisema kwanza wimbo ni wa nani, kisha akaimba wote. Halafu, kutoka Kampala, sauti ya mwanamke asiyemjua, jirani wa Noëlla, ikauliza:

"Mama, ule Mukasine alikuwa muntu wa namna gani?"

Anastasie alivuta kiti, akaketi, akaanza kuwasimulia.