Msuli Uliofichwa Arobaini

Biasha wa Kikole alipoanza kusonga ugali wa watu wawili, majirani walikosa usingizi. Mumewe Mfaume alikuwa na siku hamsini kaburini, na eda yenyewe haijafika nusu.

"Mie simo," alisema jirani yake Mwahija, ambaye yumo katika kila jambo, "lakini kuna mwanamume anakohoa mle ndani. Adhuhuri, jua la utosi!"

Habari zikamfikia Warda, dada wa marehemu. Akaja mbiombio.

"Wifi, yuko wapi huyo mwanamume?"

"Mwanamume gani? Si nipo eda mie!"

"Hata mbuzi wa Mwahija wanamjua!"

Warda akainama mvunguni. Hakuona miguu, aliona msuli wa kaka yake. Siku ya arobaini nguo zote za marehemu zilifuliwa zikagawiwa, kama ilivyo desturi. Huu Biasha aliuficha, hata maji hakuugusisha.

"Harufu yake ndiyo niliyobakiwa nayo," Biasha akanong'ona. "Nikiufua, amekwenda kweli."

Warda akaushika. Ulikuwa umelowa jasho, jasho la moto la mtu aliyetoka kuokota korosho sasa hivi, na ulikuwa na fundo la kiunoni, fundo la upande wa kulia, na Warda akakumbuka kwamba kaka yake alifunga kushoto maisha yake yote kwa ajili ya kovu la ngiri, na kabla hajalisema hilo, nyuma ya pazia mtu akakohoa mara mbili, akasafisha koo, kama Mfaume, ila polepole mno, kama anayejifunza.

Akaitwa Mwalimu Abdulrazak. Kwa heshima ya eda akasimama nje ya mlango, akasoma, akafukiza ubani.

"Mwanangu," akasema, "kiti cha marehemu ukikiweka wazi, hukalia asiyealikwa. Msuli huo ufue, uutoe leo. Wote."

Msuli ukafuliwa, akapewa kipofu wa msikitini. Kikohozi kikakoma. Mwahija, kwa haya, akapeleka bakuli la muhogo wa nazi.

Biasha akashukuru, akapakua. Sahani mbili.

Mwahija akamtazama, macho yakamshuka hadi kwenye pindo la kanga, pale wanawake tunapofungia vitu vyetu. Palikuwa na kifundo, na ndani yake kimechomoza kipande cha msuli, kimechanwa kwa meno.

"Kidogo tu, shoga," Biasha akasema. "Cha kunusa."

Kifundo kikakohoa. Mara hii si polepole tena, Mfaume mtupu.