Dakika Zisizo na Mwenyewe

Mambo yalianzia kwenye chai. Mshonaji alimimina kikombe, akageuka kuchukua sukari, na aliporudi akakuta chai imepoa na utando umeganda juu kama ya jana. Akaionja. Baridi kweli. "Nazeeka," alijisemea, akaimwaga, akamimina nyingine.

Hakuwa mtu wa kutishwa na kikombe. Mchana kutwa alishona sare za shule, na shida yake kubwa duniani ilikuwa kumtoa binti yake nyumbani kabla lango la shule halijafungwa. Mtoto alikuwa huyo huyo mmoja, wa miaka minane, na mwendo wake wa asubuhi ulimpatia jina la Kobe. Soksi moja ilimchukua robo saa, tena kwa kubembelezwa. Basi, kitambo kabla ya chai ile, mama alikuwa ameisogeza mbele saa ya ukutani kwa dakika kumi. Ujanja ulifanya kazi wiki tatu, mpaka wote wakazoea kutoa kumi kichwani. Akaongeza kumi nyingine. Mumewe, seremala mwenye maneno, alicheka sana. "Humu ndani tunaishi kesho," alisema, "majirani bado wako leo."

Baada ya chai ikaja harufu ya nguo mbichi zilizofungiwa sandukuni. Ilikuja kila asubuhi wakati ule ule, kisha ikatoweka yenyewe. Halafu ikaja minong'ono chumbani kwa mtoto, ya watu wengi waliokaa wakingoja. Mama alifungua mlango, akamkuta Kobe peke yake, soksi mkononi.

"Unaongea na nani?"

"Na wageni."

"Wageni gani, mwanangu?"

"Wanaokaa kati ya saa ya ukutani na saa ya simu yako. Wanasema hapo hapana mwenyewe."

Mama angecheka, lakini jicho lake la ushonaji lilikuwa limekwishaona: sketi aliyomshonea mwezi ule ule, ndefu hadi chini ya magoti, ilikuwa imepanda juu ya magoti. Akachukua utepe akampima, na kesho yake akampima tena, na keshokutwa, na kila mara utepe ulimwambia jambo ambalo hakuthubutu kulitamka mbele ya mumewe, kwamba mtoto aliyeingia chumbani kuvaa soksi na mtoto aliyetoka hawakuwa wa umri mmoja.

"Leo umekaa huko muda gani?" alimuuliza kwa sauti ya chini.

"Nimelala mara hamsini. Kule hakuchi, ila usingizi unakuja. Hawana nyuso, mama. Wana mikono tu, mingi, na wananipenda."

Siku hiyo mama hakushona. Alimweleza mumewe yote huku akilia, na jioni wakamleta Bibi, mtabibu aliyejulikana kwa kutoa majini kwenye nyumba za watu. Bibi alisimama chini ya ile saa muda mrefu, akinusa.

"Hawa si wa mtini wala wa kisimani," alinong'ona. "Hawana kwao. Hukaa kwenye nyufa za muda, penye dakika ambazo hakuna mtu anayeziishi. Ninyi mmewajengea, tena kwa mikono yenu."

"Watatokaje, Bibi?"

"Nitakuja kesho saa moja asubuhi. Zimeni simu tangu sasa, wasijue muda wa kweli uko wapi. Wewe uliyeisogeza saa ndiye utakayeirudisha, mtoto ukiwa umemshika. Rudisha dakika zile zile ulizoongeza. Zikibaki hata chache, watabanana humo pamoja naye, na wakibanwa, miaka yao hukimbia."

Asubuhi Bibi alipobisha hodi, mama alitazama ukutani, akatoa ishirini kichwani, akaona mgeni amechelewa dakika kumi. Kwa adabu akanyamaza.

Seremala aliambiwa asubiri nje. Mama akapanda kwenye kigoda, mkono wa kushoto umeshika mkono wa Kobe, wa kulia uko kwenye mshale, akaurudisha dakika moja baada ya nyingine, akihesabu kwa midomo tu, na kila alivyorudisha harufu ilizidi na minong'ono ikageuka kuwa purukushani, kama nyumba nzima ya watu inayohamishwa kwa nguvu, naye akaubana ule mkono mdogo, akahesabu kumi na nane, akahesabu kumi na tisa, akahesabu ishirini, na vidole vyake vikajikunja juu ya hewa tupu.

Mayowe yake yalimwingiza mumewe ndani.

"Nimerudisha ishirini," mama alisema. "Ishirini kamili, nimehesabu."

Seremala alitazama saa. "Zilikuwa thelathini."

"Nani kaongeza?"

"Mimi, jana usiku. Niliogopa tusije tukachelewa, Bibi atukute tumelala."

Hakuna aliyemlaumu, hapakuwa na nafasi ya lawama. Mama aliushika mshale kwa mikono miwili akazirudisha zile kumi, na kabla hajashusha mikono harufu ikakatika, nyumba ikawa kimya, kimya cha kawaida cha asubuhi, na jirani akasikika akifagia uwanja wake.

"Wametoka," alisema Bibi. "Wote." Lakini hakuinua uso.

Mlango wa chumba cha mtoto ulifunguka polepole. Aliyetoka alikuwa ajuza, mzee kuliko Bibi, amejitanda shuka la kitanda kidogo, akijishikilia ukutani. Aliwatazama mmoja mmoja kwa muda mrefu, kwa shida, kwa heshima ya mtu aliyeingia nyumba ya wenyewe.

"Samahanini," alisema. "Namtafuta mama yangu. Kati yenu ni yupi?"

Mshonaji alishuka kwenye kigoda, akanyoosha mkono juu, kama mtoto anayeitwa jina darasani.